Betri zilizomla jicho Qu Shulan

Saa mbili asubuhi, Qu Shulan anageuza kichwa chote ili amwone mteja wake, maana jicho la kushoto halioni tena. Kwenye meza ya kibanda chake cha kutengenezea redio, katika soko la mji mdogo mkoani Jilin, China, Mzee Luan amemwaga betri nne.

"Nimezilaza kwenye kitanda cha matofali, moto chini, usiku kucha," anasema Luan. "Zikafufuka, zikaimba kidogo, zikafa. Hebu zitie kwenye chaja, shemeji."

"Hizi ni za kutupa, shemeji. Hazichajiwi."

"Acha uchoyo wa umeme!"

Shulan, mwenye miaka sitini na mmoja, anamtegea kitendawili. "Hufa kimya, ukimfufua anakutemea machoni. Nani huyo?"

"Mke wa Guo!"

Mama muuza kabichi wa meza ya jirani anaangua kicheko. Guo ndiye mume wa Shulan.

"Ni betri," anasema Shulan. Hacheki.

Majira ya baridi ya mwaka juzi, Guo alizitia betri kama hizo kwenye chaja, kisha akaiweka juu ya kitanda cha matofali. Huku kwao kila kilicholegea hupashwa moto pale: goti, unga wa mkate, betri. Alishafanya hivyo mara nyingi, na betri zilirudi na nguvu kidogo. Hicho kidogo ndicho kilichomdanganya.

"Ndani hujaa gesi, haina pa kutokea," anaeleza Shulan. "Niliinama nichukue moja niweke redioni. Ikapasuka. Maji yake yakaniunguza jicho."

Hospitali walishindwa kuliokoa. Guo aliwaambia majirani kwamba mkewe aliibonyeza vibaya, na mpaka leo ndivyo anavyosema.

"Pole sijaisikia. Nilichosikia ni, 'Umeniharibia betri.'"

Luan anazoa betri zake na kuvuka njia. Upande wa pili wa soko Guo ana meza yake, anachaji chochote anacholetewa. Na nyumbani anachaji vilevile, kwenye soketi iliyo kichwani pa kitanda wanacholala.

Shulan anamtazama Luan mpaka Guo anapompokea kwa sigara. Kabla theluji haijaanza, anamwambia mama wa kabichi, atajenga jiko la kupasha moto nyuma ya kibanda hiki, alale hapa peke yake.

"Watoto wananiambia navunja nyumba uzeeni. Dada yangu, nimebakiwa na jicho moja. Nalitaka."