Diwani Aliyeifunga Nyumba ya Wazee

Fundi makochi yule aliitwa Nidhamu mtaa mzima, na hakuna aliyekumbuka ni nani aliyeanza kumwita hivyo. Neno lenyewe halikumkauka mdomoni. Mteja akichelewa kuja kuchukua kochi lake, tatizo ni nidhamu. Mtaro ukiziba, nidhamu. Timu ya mtaa ikifungwa, hapo ndipo alipokuwa na maelezo marefu kuliko yote.

Karakana yake ilikuwa chumba cha mbele cha nyumba. Yeye alivua makochi ya watu nguo zao kuukuu, akakaza springi, akabadilisha sponji, akapiga misumari. Mkewe alikaa na cherehani yake dirishani akishona vitambaa vya kuyavisha upya. Mishono ya pembeni, ile iliyowafanya wateja warudi, ilikuwa ya mke, ingawa sifa zilikwenda kwa fundi. Watoto wao wawili walikuwa wameshakua na kwenda kuishi mbali. Makochi yaliyosubiri zamu yaligeuka viti vya wapiga soga, na soga zenyewe zilikuwa za siasa.

Msimamo wa Nidhamu haukutoka vitabuni. Alipokuwa mdogo, baba yake alikuwa na karakana ya useremala. Serikali ya wakati ule ikaiunganisha na nyingine, ikaiita ushirika, ikatuma meneja. Baada ya miaka michache mashine ya kuranda mbao ilikuwa inaota kutu chini ya turubai, na baba yake akawa mlinzi wa geti la karakana aliyoijenga mwenyewe. Waliowalea Nidhamu na wadogo zake katika miaka ile ni shangazi wawili na majirani, wala hakumwona ofisa hata mmoja akibisha hodi kuuliza wamekula nini. Kutokana na hayo alihitimisha mambo ambayo hakuyabadilisha tena: kwamba serikali ilinde usalama, itengeneze barabara, kisha ikae kando, kwamba familia ndiyo serikali ya kwanza, na kwamba anayetaka kubomoa jambo la zamani aeleze kwanza lilijengwa kwa nini.

Wako wengi waliofikiri kama yeye: wenye maduka, mafundi wenzake, watu wa nyumba za ibada, akina mama waliochoka kuwaamsha vijana adhuhuri. Chama chao kilipopata viti vingi kwenye baraza la mji, Nidhamu akawa diwani. Walianza kwa kasi. Ushuru wa vibanda ukapunguzwa, na kweli vibanda vikaongezeka. Vilabu vya pombe vikaamriwa kufunga mapema. Mtaa wa kati ukapata usingizi, kelele zikahamia mtaa wa pili. Kisha ikafika zamu ya nyumba ya wazee.

Nyumba hiyo ilikuwa nyuma ya hospitali ya zamani, na baraza ndilo lililoiendesha. Nidhamu aliitembelea kabla ya kusema lolote. Aliona dari inayovuja, vitanda vilivyopangwa kama bidhaa ghalani, na mwanamke mzee sana aliyekuwa na wana watatu, wote wakiishi mjini humo humo na wote wakiwa na kazi. Hilo la mwisho lilimchoma. Siku ya kikao alisimama akasema kuwa kila kitanda ambacho baraza linamtandikia mzee kinamwambia mtoto fulani kuwa yuko huru kusahau. Hotuba ilirushwa redioni. Kura zikapigwa, ikaamuliwa kwamba nyumba ifungwe na kila familia imchukue mtu wake.

Wengi walichukuliwa. Wengine walichukuliwa kwa furaha, wengine kwa aibu, na Nidhamu aliona kuwa hata aibu ina kazi yake. Akabaki mmoja, mzee aliyekuwa mkaguzi wa tiketi kwenye treni na kiongozi wa chama cha wafanyakazi, aliyeitwa Komredi hata na wauguzi. Mkewe alikuwa amefariki, mtoto hakupata, na dada yake wa mwisho alizikwa zamani. Msimamizi wa nyumba alimpigia simu diwani akamweleza hali hiyo bila kuongeza neno.

Nidhamu akaenda. Alimkuta mzee ameketi ukingoni mwa kitanda, amevaa koti, begi liko miguuni.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Wewe ndiye diwani?"

"Ndiye mimi."

"Hotuba yako niliisikia. Ilipangika vizuri. Sasa hiyo familia yangu inafika saa ngapi?"

Nidhamu hakuwa mtu wa kubabaisha. Aliangalia vitanda vingine vilivyokwisha kuvuliwa magodoro. Halafu akalinyanyua begi. Alimpandisha Komredi mbele kwenye pikapu yake ya kubebea makochi, akampeleka nyumbani. Njia nzima hakukumbuka kwamba alipaswa kumuuliza mkewe.

Mkewe alimpokea mgeni kama wageni wanavyopokewa. Alimwita baba, akampisha chumba kilichokuwa cha watoto. Miezi ya kwanza ilikuwa na raha yake. Komredi alikaa karakanani kwenye kochi lolote lililokuwa halijavuliwa, akabishana na mwenyeji wake tangu chai ya asubuhi. Alisema alikatwa kodi maisha yake yote na kile kitanda hakikuwa hisani, kilikuwa mali yake. Nidhamu alimjibu kuwa kitanda kinachovujiwa ni mali ya mvua. Wapiga soga waliongezeka. Hata wasiokuwa na kochi la kutengeneza walikuja kusikiliza.

Kisha Komredi akapata kiharusi. Ulimi ulirudi baada ya wiki chache, miguu haikurudi. Tangu hapo alihitaji kulishwa, kuoshwa, kugeuzwa, kubadilishiwa shuka, na aliyefanya yote hayo ni mke. Cherehani ilifunikwa kitambaa. Wateja waliambiwa wasubiri, wakasubiri, wakaenda kwa fundi mwingine. Nidhamu aliona vitambaa vikirundikana bila kushonwa, akajiambia kuwa ni hali ya kupita. Asubuhi alichungulia chumbani, akamsalimia mgonjwa, akaenda kwenye kamati zake.

Habari za diwani aliyetenda alichokihubiri zilifika makao makuu ya chama. Wakaja wakubwa na mpiga picha. Walikaa sebuleni, wakanywa chai, mmoja wao akasema kwamba huo ndio mfano ambao nchi nzima inauhitaji. Mke alipita mara mbili nyuma ya viti vyao na beseni, na mara zote mbili aliombwa asogee kidogo ili asiingie kwenye picha.

Wageni walipoondoka alivikusanya vikombe, akavipeleka jikoni, akarudi na kuketi. Hakuwa na hasira, au kama alikuwa nayo hakuileta sebuleni.

"Baba watoto, kwenye hotuba zako huwa unasema familia itamtunza. Nimekuwa nakusikiliza vizuri. Hujawahi kusema huyo familia ni nani."

"Una maana gani?"

"Kesho naenda kwa dada yangu, nikapumzike. Shuka safi ziko kabatini. Mgeuze mara kwa mara asije akapata vidonda mgongoni. Na usimlishe akiwa amelala chali, atapaliwa."

Nidhamu aliuliza atarudi lini. Alijibiwa kwamba atakapokuwa amepumzika.

Nidhamu alikihamishia kitanda karakanani ili aweze kufanya kazi huku anamwangalia mgonjwa. Siku ile hakupiga hata msumari mmoja. Alimlisha, chakula kikamwagika. Akamwosha, maji yakalowesha godoro. Akabadilisha shuka, na kabla hajazikamua zile chafu, safi nazo zikawa chafu. Komredi, ambaye hakuwahi kukosa la kusema, siku hiyo alifumba macho na kunyamaza. Nidhamu alielewa kuwa mzee naye alikuwa anamsitiri.

Alichokijua ni sponji, basi akaanzia hapo. Alikata vipande vya ugumu tofauti, akavibandika tabaka juu ya tabaka, akaacha bonde laini penye nyonga na jingine penye visigino. Godoro hilo lilisaidia. Halikumwondolea kazi ya kugeuza wala ya kuosha. Kwa mara ya kwanza tangu achaguliwe alikosa kikao cha kamati, halafu akakosa kingine.

Alikuwa akiamini kwamba majirani wangejitokeza, kama walivyojitokeza enzi za shangazi zake. Walikuja kweli, wakasalimia, wakaacha matunda, wakaondoka haraka. Alipowauliza kwa nini wana haraka hivyo, wakamweleza. Mmoja alikuwa amemfungia mama mkwe ndani ili awahi kibandani, kile kile kilichopunguziwa ushuru. Mwingine alikuwa na baba anayetoka na kupotea njia. Yule mwanamke mzee mwenye wana watatu, Nidhamu aliambiwa, anazungushwa katika nyumba zao kama ngazi ya kuazima, na wake wa wanawe wameacha kusemezana. Wote waliomsimulia walikuwa wanawake. Hakuna aliyemlaumu, na hilo lilimkosesha raha kuliko lawama.

Mke aliporudi, wiki kadhaa baadaye, aliwakuta wanabishana kuhusu mgomo wa reli wa zamani. Mzee alikuwa msafi na mgongo wake haukuwa na kidonda. Mumewe alikuwa amekonda. Alimkaribisha, akamtengea chai yeye mwenyewe, kisha akamuuliza jambo ambalo hakuwahi kumuuliza katika ndoa yao yote: yeye anataka nini.

"Nauhitaji mchana wangu," mke akasema. "Asubuhi na usiku nitaviweza, ukinishika mkono. Mchana nishone."

Mwezi huo diwani wa upande wa pili, mwalimu wa sekondari, alileta hoja nyumba ya wazee ifunguliwe upya kama ilivyokuwa. Wengi walitegemea Nidhamu aunge mkono, na wenzake wa chama walikuwa na wasiwasi naye. Alisimama akaipinga. Alisema bado anaamini mzee akae na watu wake, na hajaona kitu kilichombadilisha hapo. Kisha akaongeza kwamba baraza lilitoa amri bila kuuliza ni mikono ya nani itakayoitekeleza, na kwamba yeye ndiye aliyeandika amri hiyo. Akapendekeza jengo lile liwe kituo cha mchana: familia ziwalete wazee wao asubuhi na kuwachukua jioni, nyumba za ibada na majirani wapange zamu za kusaidia, na baraza litoe maji, umeme na muuguzi.

Mwalimu alisema ni nusu mkate. Watu wa chama cha Nidhamu walisema amelainika, leo muuguzi, kesho dari, keshokutwa nyumba nzima imerudi. Pendekezo la Nidhamu likapita kwa tofauti ya kura chache, baada ya mwalimu kuinua mkono shingo upande.

Asubuhi walizoweza, Komredi alipelekwa kituoni kwa pikapu ile ile. Alisema Nidhamu amejenga nusu ya hoja yake. Nidhamu alisema amejenga hoja yake mwenyewe, yote. Hawakukubaliana kamwe. Mzee alifariki nyumbani, mwanzoni mwa mvua, mke akiwa amemshika mkono na mume akiwa amekwenda kumwita muuguzi. Kaburini msimamizi wa mazishi aliuliza nani ni ndugu wa marehemu, na wote wawili walijibu kwa pamoja.

Uchaguzi uliofuata chama kilimsimamisha muuza saruji badala ya Nidhamu. Alinung'unika wiki moja, kisha akakipigia kura chama chake kama kawaida, kwa kuwa hakuona kingine kinachoyasema anayoyaamini. Alirudi kwenye springi na misumari. Kituo kiliendelea, mara kikiwa na muuguzi, mara hakina. Miji miwili mitatu ilikuja kukitazama na kwenda kuanzisha vyao.

Zamu za kituo zilipangwa na mkewe, na zilipangwa vizuri kiasi kwamba wanawake wa mtaa walimfuata nyumbani kumwomba agombee udiwani. Nidhamu aliwasikiliza kutoka karakanani, nyundo mkononi. Walipoondoka hakumpinga mkewe wala hakumsifu. Alimuuliza tu atasimama kwa chama gani, naye, bila kuondoa macho kwenye mshono, akasema bado anafikiria.