Pikipiki Yangu ya Gia Kulia

Asubuhi moja ya wakati wa vita haijanitoka kichwani, mwanangu, na kila nikiikumbuka nacheka peke yangu. Dada yangu alikuwa anaolewa mjini Beni, na papa, baba yangu, shemasi wa kanisa letu Butembo, alipaswa kufika kumkabidhi. Wenye magari walikuwa wameyang'oa matairi na kuyaficha, wanajeshi wasije wakayachukua. Ikabaki pikipiki yangu.

Papa hakuipenda hata kidogo. Niliiunga mwenyewe kwa vyuma vya pikipiki zilizokufa, usukani mrefu kama pembe za ng'ombe, kiti chekundu chenye vishada. Injini ilikataa kukaa sawa, basi gia ikaja mguu wa kulia na breki wa kushoto, kinyume na pikipiki zote. Vijana wenzangu nao walikuwa na pikipiki zao za vituko, na watu walituita wahuni. Lakini siku zile kila kijana alitakiwa awe wa fulani mwenye bunduki. Sisi tulikuwa wa pikipiki zetu, na raha yake sikufichi.

Papa akapanda na suti yake, uso kama wa mtu aliyemeza kwinini. Karibu na Beni tukasimamishwa kwenye kizuizi.

"Papa, shuka," mwanajeshi akasema, akiushika usukani wa pikipiki. "Hii moto tunabeba."

Harusi ingefungwa bila papa.

"Sawa, chef," nikajibu. "Lakini gia yake iko..."

"Unanifundisha mimi?"

Akaondoka kwa mbwembwe. Kwenye kona akatafuta breki, akakanyaga gia, akaishia katikati ya shamba la viazi vitamu. Akarudi mzima, matope hadi masikioni, wenzake wamekaa chini kwa kicheko. Mkubwa wao akajifuta machozi.

"Kijana, beba moto yako. Haiko ya batu."

Tulifika nyimbo zikianza. Papa akashuka mbele ya wakwe, akakipigapiga kile kiti.

"Ni mutoto wangu alitengeneza hii."

Nililia, mwanangu, kwenye harusi ya watu.

Kwa hiyo pikipiki yako ipake rangi yoyote, na nywele suka ukipenda. Ila itengeneze kwa mikono yako, uijue hadi skrubu ya mwisho, asitokee mtu kukuambia wewe ni wake. Na wanaokukunjia uso nyumbani usiwakimbie kwa kelele za egzosi. Wapakie, uwafikishe wanakokwenda.

Mungu akulinde barabarani, na nyuma yako pasikose mtu wa kumfikisha salama.