Mheshimiwa wa Chumba cha Kufulia

Maître Banza alikuwa wakili wa Likasi, kule Zaire, na kwa muhula mmoja alikaa katika baraza la mkoa wa Shaba kama mjumbe. Hotuba yake kubwa kuliko zote, iliyohusu mbwa wanaozurura sokoni, ilikatizwa na umeme kabla hajafika kwenye hoja. Alipohamia Brussels mwaka 1991 na mkewe Alphonsine, hotuba hiyo bado ilikuwa imemkaa kooni.

Uwakili wake haukutambuliwa Ubelgiji. Alphonsine alipata kazi ya kutunza wazee, na nguo za nyumbani zikawa juu ya Banza. Kila Jumamosi alizibeba hadi kwenye duka la mashine za kufulia la Burhani, katika mtaa wa Forest. Huko alikuta kitu ambacho baraza la mkoa halikumpa kamwe: watu, wengi wao wa kwao Shaba, waliokaa kwa mistari, kimya, wasioweza kuondoka mpaka nguo zao zimalize kuzunguka.

Akasimama. "Bon," akasema, kama anayefungua kikao cha baraza, "séance iko ouverte."

Hakuna aliyecheka. Nje kulikuwa na baridi, na ndani hapakuwa na la kufanya. Haukupita muda wakamchagua mjumbe wao kwa kunyoosha mikono. Upinzani ulikuwa mtu mmoja, Mathilde, mjane Mbelgiji aliyekulia Likasi na kuongea Kiswahili cha kule bila kukwama. Alipinga kila kitu, hata pendekezo la kumtakia yeye mwenyewe heri ya kuzaliwa.

Sheria ya kwanza ilihusu ugomvi wa kila siku: watu waliojaza mashine kisha wakaenda kuzurura. Banza aliiandika kwa siku kadhaa. Mashine ikisimama na mwenye nguo asizitoe, akishaitwa, nguo zinakwenda kwenye kikapu cha maskini cha parokia, wala hazirudishwi. Ilipita. Mathilde alipinga.

Kisha Alphonsine akasema joho la uwakili, lililokaa sandukuni tangu Likasi, linanuka dawa ya nondo. Banza akalipeleka likafuliwe, peke yake, katika mashine nzima. Na kwa kuwa siku hiyo umeme haukuonyesha dalili ya kukatika, akaamua kuitoa ile hotuba ya mbwa.

Hotuba ilikuwa imepamba moto wakati Burhani alipoinua kidole.

"Maître, masini yako imesimama."

"Papa Burhani, usikatie muntu parole!"

"Lakini Maître..."

"Parole iko kwangu!"

Zamu ya kusema ilikuwa yake, akaendelea. Alifika kwenye hoja, akaipita, akarudi akaipita tena. Watu walipiga makofi. Alipogeuka, mashine ilikuwa wazi na tupu, na Mathilde alikuwa anarudi kutoka parokiani akipangusa mikono.

"Uliitwa," Mathilde akasema. "Sheria ni yako, Maître. Mimi nilipinga."

Banza alijitetea kama wakili: joho si nguo, ni cheo. Kisha akajijibu kama mjumbe: sheria haibagui cheo. Huyo wa pili alikuwa na hoja nzito zaidi. Akashindwa, akaketi, na kwa mshangao wake akajisikia fahari. Kwa mara ya kwanza maishani mwake sheria aliyoitunga ilikuwa imefanya kazi.

Jumapili, kanisani, Arnaud, kiongozi wa kwaya, alitokea amevaa lile joho. Lilimfikia visiginoni. Banza alimwangalia akipunga mikono kama anayemtetea mshtakiwa mbele ya Mungu, akaitikia kwa kichwa, ameridhika. Alphonsine hakuridhika. Katikati ya wimbo alipanda mbele, akamvua Arnaud joho mkono mmoja baada ya mwingine, huku kwaya ikiendelea kuimba.

"Maman, rudisha!" Banza akampigia mkewe kelele kutoka kwenye benchi. "Ile imekuwa mali ya parokia!"

"Njoo ulirudishe wewe."

Hakwenda. Jumamosi iliyofuata alisimama mbele ya mashine, akaeleza kwamba mjumbe ambaye sheria yake imevunjwa na mke wake mwenyewe hana budi kujiuzulu. Kura ikapigwa. Mathilde alipinga kujiuzulu kwake, kama kawaida yake, na safari hii wote wakaungana naye.

Banza akavuta kiti, akafuta miwani, akauliza kama kuna mwenye hoja nyingine.

Burhani alitaka kujua wale mbwa waliishia wapi.