Ngamia wa Mama Katika Filamu Isiyoeleweka

Filamu hiyo nimeitazama mara nyingi kuliko mtu yeyote Garissa, na hadi leo sijui nani alimficha yule mwanamke. Mimi ndiye niliyeandika tafsiri yake ya Kiswahili, ile mistari inayopita chini ya picha wakati watu wanaongea Kisomali, kwa hiyo nilikuwa nikisimamisha, nikirudisha nyuma, nikisimamisha tena, mpaka macho yakawasha. Mwongozaji wake, binti mchangamfu kutoka Nairobi, alinitafuta kwa sababu nafundisha Kiswahili shuleni na Kisomali nimekinyonya. Siku niliyompigia simu kumwuliza kwa nini mbuzi anazungumza kwa sauti ya hakimu aliyekwisha kufa, alicheka sana. "Mwalimu, usihangaike kuelewa," aliniambia. "We tafsiri tu."

Nikatafsiri. Mwanamume aliyevaa koti zito katika joto hili letu anamtafuta mwanamke aliyepotea. Kila anakokwenda anakuta alama moja: duara lililokatwa na mistari miwili. Iko ukutani, iko kwenye kiganja cha muuza miraa, iko chini ya kikombe chake cha chai. Redio inamsomea tarakimu bila kuchoka. Simu inalia ndani ya kisima. Taratibu anaanza kuamini kwamba mji mzima umekula njama, na kwamba ile alama ni salamu ya wanaojua. Mwishoni anafungua mlango na kujikuta mwenyewe amelala kitandani, koti mwilini. Hapo picha inazimika. Mwanafunzi wangu angeniletea insha inayoishia hivyo, ningemrudishia aiandike upya.

Mama hakuwa mtu wa filamu. Wakati huo hakuwa mtu wa kitu chochote. Marehemu baba alipomuoa, katika mahari yake alimpa ngamia jike mmoja, na kwa uzao wa jike huyo, mama akawa na ngamia wake mwenyewe ndani ya kundi la ukoo. Walikuwa na chapa ya ukoo wa baba, mistari miwili inayokutana juu kama hema, lakini pembeni baba aliwaongezea kidoti kimoja ili kila mtu ajue hawa ni wa mke wake. Kisha ukaja ukame ule mrefu. Wa mama walianguka mmoja baada ya mwingine, akabaki jike mmoja, naye ana mimba. Wachungaji wetu waliwapeleka ngamia waliosalia hadi upande wa Kutulo, mbali kaskazini, kufuata majani, na wakati wa kurudi, vumbi likavuma mchana kutwa. Lilipotulia, yule jike hakuwepo.

Kaka yangu alirudi hadi Kutulo akiulizia kisima baada ya kisima. Alikuja nyumbani midomo imepasuka, hana habari yoyote. Mama alisema alhamdulillahi, kama inavyompasa Mwislamu, akageukia ukutani. Aliacha kunywa maziwa. Tulimnunulia ya ngamia sokoni, ya asubuhi, bado yana povu, akayasukuma kando. "Siwezi kunywa maziwa ya ngamia nisiyemjua," alisema. Daktari alimpima kila kitu asione ugonjwa. Mwaka ukapita, naye anazidi kukonda. Nitasema wazi nililoliogopa: niliogopa kwamba tutamzika kwa ajili ya mnyama ambaye pengine fisi walishammaliza.

Basi filamu ilipoletwa kuonyeshwa Garissa, nilimbembeleza aje. Nilimwambia jina langu litapita mwishoni. Hasomi, lakini alikubali, kwa sharti kwamba nimguse bega jina likifika. Ilikuwa baada ya alasiri, katika ukumbi wa mikutano uliozibwa madirisha kwa mablanketi, wanawake upande huu, wanaume upande ule. Mama aliketi amejifunika shali mpaka puani, na kwa muda mrefu nilidhani amesinzia. Nilimwonea wivu.

Kuna mahali yule mtu wa koti anavuka uwanda mkavu kuuendea mlango uliosimama peke yake bila nyumba. Nyuma yake kuna ngamia anatafuna. Sehemu hiyo nilikuwa nimeifanyia kazi siku nzima, kwa sababu jamaa anazungumza peke yake maneno mengi yasiyo na mbele wala nyuma. Mama akasimama.

"Simamisheni," alisema kwa Kisomali, kwa sauti ambayo sikuwa nimeisikia kwa mwaka mzima. "Huyo ni wangu."

Watu wakamnyamazisha. Kijana mmoja msomi akainama kutoka kiti cha nyuma kumweleza kwa upole kwamba, hooyo, yaani mama, yule ngamia anawakilisha kumbukumbu.

"Kumbukumbu gani?" mama alimjibu. "Namjua tangu akiwa tumboni."

Mwongozaji alikuwepo. Namshukuru hadi leo, kwa sababu wengine wangetuomba tutoke. Aliimaliza filamu, watu walipoondoka akafungua kompyuta yake na kutuonyesha tena. Nikamwita kaka kwa simu. Alikuja mbio, akamsogeza binti wa watu kando na kuivuta ile picha iwe kubwa. Kwenye paja ilionekana pembe ya hema, na kando yake kivuli ambacho kingeweza kuwa kidoti. Lakini shingoni palikuwa na kitu kingine, duara lililokatwa na mistari miwili.

"Wallahi, wameanza kuchoma chapa yao," kaka alisema.

"Hiyo ni chokaa," mwongozaji alimwambia. "Ni alama ya filamu, tulimpaka sisi. Iko kila mahali kwenye hadithi."

Ilikuwa kama anauambia ukuta. Filamu yenyewe ni nyeusi na nyeupe, na ndani yake chokaa na kovu la moto havitofautiani. Kaka aliiangalia ile alama kwa jicho la mpelelezi. Akairudisha filamu mwanzo. Akaiona ukutani, akaiona kiganjani, akaiona chini ya kikombe, na kila alipoiona alinipiga kikumbo. Alichokiamini kilikuwa hiki: ile ni chapa ya wezi, wezi wanaijaza mjini ili waelekezane mifugo ya wizi iko wapi, na huyu binti ama ametumiwa ama yumo. Nimesema kwamba filamu ile haieleweki, lakini kaka aliielewa yote ndani ya nusu saa.

"Wewe dada, hii ngamia mlitoa wapi?" alimwuliza kwa Kiswahili. "Nani mwenyewe?"

"Tulipiga kule mbele ya Balambala, kwa mama mmoja anauza maziwa. Alisema tu ngamia si wake, lakini hana shida apigwe picha."

"Si wake!" Kaka alinigeukia kwa ushindi. "Abaayo, dada yangu, umesikia? Amekiri kwa mdomo wake!"

Akatoa simu kuwaita binamu zetu. Hapo haikuwa tena kichekesho. Wanaume wanaokwenda kwa hasira kudai ngamia kwenye boma la watu hawaendi na bakora peke yake, na katika nchi yetu watu wameuana kwa madogo kuliko haya. Nilimshika mkono. Akaniambia niendelee na vitabu vyangu. Ni mama aliyeichukua ile simu mkononi mwake na kuitia ndani ya shali.

"Tutakwenda sisi watatu," alisema. "Na wewe utanyamaza mpaka nikwambie usinyamaze."

Tulikodi gari asubuhi yake. Mama aliketi mbele na akala maandazi mawili njiani bila kubembelezwa, jambo lililonitia hofu badala ya furaha. Nilijiuliza itakuwaje tukimkuta ngamia mwingine kabisa. Alishampoteza mara moja, na mara ya pili nisingejua la kumwambia. Kaka nyuma alikuwa kimya kama alivyoamriwa, ila kila tulipopita ukuta wenye mchoro wowote, hata wa tangazo la sabuni, alikuwa akigeuka kuuchunguza.

Mwenye boma alikuwa mwanamke wa umri wa mama, mfupi, mwenye mikono mikubwa ya kukamua. Alitupokea kama wageni wanavyopokewa. Aliuliza hali ya nyumba, hali ya mvua, hali ya mifugo, hali ya barabara, akatupa mkeka kivulini mwa nyumba na chai ya iliki. Hakuna aliyetaja ngamia. Kaka alikuwa akiungua kwa ndani. Chai ilipokwisha ndipo mama akasema taratibu kwamba amepotelewa.

Yule mwanamke akaweka birika chini. Uso wake ulibadilika, ukawa wa kikazi. Huku kwetu mnyama aliyepotea tunamwita baadi, na anayempata hamwonyeshi mtu mpaka mtu huyo ataje alama zake, la sivyo kila mpita njia angeondoka na ngamia.

"Chora," alimwambia mama.

Mama akalainisha mchanga kwa kiganja. Akachora mistari miwili ikakutana juu. Akasita, mkono ukatulia hewani, kisha akatia kidoti pembeni, pale alipokitia baba.

"Na sikio?"

"La kushoto, limechanwa. Mwiba, si kisu."

Mwanamke aliutazama ule mchoro muda mrefu. Kisha akaanza kutugombeza. Tulikuwa wapi? Alitangaza visimani mpaka watu wakamchoka. Aliwatuma wenye magari ya maziwa waulize Garissa. Kila jioni alimtenganisha ngamia wa watu na wake, asijisahau akamwona ni mali yake. Ngamia alikuwa amekuja na kundi la watu waliokuwa wakishuka kutoka kaskazini, wakamwacha kwake kwa sababu hawakumjua mwenyewe. Sisi tulikuwa tukimtafuta Kutulo, naye alikuwa amekwisha kukaribia kwao.

Kaka hakuweza tena. "Eeddo, shangazi, na ile alama ya shingoni?"

"Ipi? Ile ya watoto wa picha?" Akapiga makofi kwa kicheko. "Walimpaka chokaa kama ukuta wa duka! Walipoondoka nilimwosha mwenyewe. Maji ya kunywa, nikayamwaga kwa upuuzi."

Nilimtazama kaka. Alikuwa anachunguza kikombe chake kitupu, hata chini yake. Nilicheka mpaka machozi, na katikati ya kicheko nikagundua kwamba ni machozi kweli.

Wakati wa kunyweshwa ngamia walikuja kutoka upande wa mto. Mama hakungoja kuonyeshwa. Alisimama akaita, ule mwito wake mrefu unaoanzia kooni, ambao utotoni tulikuwa tukimwiga na kuchapwa. Ngamia mmoja akainua kichwa. Akatoka kwenye kundi akaja kwa mwendo ule wao wa kutokuwa na haraka na mtu, akamnusa mama shingoni, akamvuta shali. Mama alimshika sikio lililochanika akawa analisugua kwa kidole gumba.

Nyuma ya ngamia alikuja ndama.

Katika mahangaiko yote nilikuwa nimeisahau ile mimba. Alikuwa jike, ana miguu mirefu ambayo hajaizoea, manyoya bado laini. Mama alimzunguka polepole na kufika pajani akasimama. Pale palikuwa na chapa, kovu limepona vizuri: mistari miwili inayokutana juu, na pembeni kidoti kimoja.

"Nilikuwa naziangalia alama za mama yake huku mhunzi akimchoma," yule mwanamke alisema. "Kidoti kile sikujua cha nini. Nikasema, kama kipo, kina mwenyewe."

Alikuwa na haki ya maziwa, kwa kuwa aliyemtunza baadi hukamua, na hilo alilitaja mwenyewe, ili mtu asifichwe jambo. Lakini ndama aliyezaliwa kwake, mbele ya macho yake, mbali na watu ambao hakuwa na hakika kama wako hai, alikuwa amempa alama ya mtu asiyemjua. Mama alijaribu kumpa ndama yule. Alimshikilia mkono, akaapa. Yule mwanamke alikataa katakata.

"Umechelewa," alisema. "Nimeshamtia moto wako."

Wakacheka wote wawili, wakashikana. Kisha akakamua, akamletea mama maziwa ndani ya kibuyu, na mama akayanywa yote bila kupumzika, povu likabaki juu ya mdomo.

Siku chache baadaye, ngamia wameshaletwa, mama aliniomba nimwonyeshe tena ile filamu kwenye kompyuta yangu. Alitaka kuona jina langu, ambalo siku ile lilipita hakuna aliyemgusa bega. Tuliitazama mpaka mwisho. Alikaa wima, akanisimulia chini chini aliyeujenga ukuta ule, na watoto wa nani wale wanaopita. Ngamia alipotokea alimsalimia. Jina likapita, nikamgusa bega, akaliangalia kwa heshima mpaka lilipotoweka.

"Na yule mwanamume wa koti," aliniuliza, "alimpata mtu wake?"

"Hapana, hooyo. Hakumpata."

Alitikisa kichwa kwa huruma ya kweli.

"Maskini," alisema. "Hakukutana na watu."