Vitu Vilipomvulia Bibi Nguo

Ti ilikuwa jiwe. Tu ilikuwa harage. Bibi alikaa mlangoni kwetu Murungu anachambua maharage, mawe anayatupa kwenye kopo la maziwa ya unga, nami ndani nafagia huku nasikia: ti, ti, ti. Asubuhi moja nikasikia: tu. Nikasimamisha ufagio. Tu, tena. Nikachungulia: bibi anatupa maharage mazuri koponi, na mawe anayaweka kwenye sufuria kwa heshima zote.

Nikamchukua jogoo, nikasimama mbele yake.

"Bibi, nimeshika nini?"

"Umeshika upumbavu. Weka chini."

Tulikuwa wawili tu nyumbani. Mama alikuwa Kasulu anauza mitumba. Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha nne kwa matokeo ambayo tulikubaliana kutoyataja, kwa hiyo kazi yangu ilikuwa bibi, kuku, na kuota ndoto mchana.

Jioni ile bibi alikaa kimya, na yeye hata akila huwa anaongea. Machoni mwake mlikuwa na weupe kama maji ya kuoshea mchele. Akasema tu, kwa jina lake la kunitania, "Mke mwenza, dunia inanifungia mlango." Roho ikaniuma. Nami roho ikiniuma, natunga.

Nikamwambia iko nchi nyuma ya ukungu, ule unaolala mabondeni kabla jua halijawa kali. Watu wa huko wanajua siri moja: rangi ni nguo. Mti, sufuria, kilima, kila kitu kimevaa rangi ili kujisitiri mbele ya wageni. Vijana wenye macho makali wanaona nguo tu, wanadhani wameona kitu. Lakini mtu akiishi na vitu muda mrefu, akavitendea vizuri, vinaanza kumvulia nguo kimoja kimoja, kwa sababu vinamwamini. Watu hao wanaitwa Waaminiwa. Rangi hawazioni tena. Wanavijua vitu vyenyewe.

Bibi akafikiri. "Hata jogoo?"

"Hata jogoo."

"Kwa hiyo amesimama hapo uchi?"

"Kwa heshima yako."

Alicheka mpaka nikamletea maji.

Nilidhani yameishia hapo. Kesho yake jirani akapita, akasalimia kwa Kiha: "Mwakeye, bibi!" Bibi akajibu, "Mwakeye. Nakuona ulivyo, siyo ulivyovaa." Jirani akakaza kanga yake na kuongeza mwendo. Mzee wa kanisa alipokuja kumwombea, aliambiwa hivyo hivyo. Akafunga vifungo vya koti hadi shingoni, na sala ikawa fupi kuliko zote alizowahi kutuombea. Dukani bibi alipima sukari kwa kiganja, akamwambia mwenye duka kwamba sukari imemvulia nguo na si kilo. Naye, mzee wa Kiislamu, mtu wa pwani asiyependa kelele, akaongeza kijiko.

Mimi mwenyewe sikusalimika. "Juzi ulisema ukungu hauna nguo," bibi ananiambia katikati ya chakula. "Leo umevaa kijivu. Kaa ufikirie vizuri kabla hujafundisha watu."

Kisha mhudumu wa afya wa kijiji akapita na kipaza sauti: madaktari wa macho wapo hospitali Kibondo, wiki hii tu, wanatoa mtoto wa jicho bure. Nikamkimbilia bibi.

"Siendi," akasema. "Vitu vimenivulia nguo kwa hiari yao. Niende wakavivalishe kwa kisu?"

"Bibi, ile nchi haipo. Nimeitunga mimi."

"Najua umeitunga. Ugali wa jana si uliusonga wewe? Mbona nilishiba?"

Mama akapiga simu kutoka Kasulu, nikamweleza.

"Umemfundisha nini mama yangu?"

"Falsafa, mama."

"Falsafa! Na ziro yako hiyo! Mpeleke. Hao wakiondoka hatujui watarudi lini, na mama atabaki gizani. Umenisikia?"

Nilisikia. Nikambembeleza bibi, nikanuna, nikakataa kula, njaa ikanishinda nikala. Wiki ikawa inakatika. Jioni moja tumekaa karibu na moto, akasema kwa sauti ndogo ambayo sikuwa naijua:

"Naogopa. Sasa hivi mlango nauona, ule weupe wake. Wakikosea, hata mlango utaondoka."

Kumbe sababu ndiyo hiyo. Na mimi habari za macho sikuzijua hata kidogo. Nilikuwa na ile nchi tu. Ulikuwa mwezi wa saba, baridi ya kwetu inang'ata masikio.

"Bibi, huko nyuma ya ukungu, mwezi wa baridi Waaminiwa wana jambo lao."

"Jambo gani?"

"Wanavirudishia vitu nguo. Kuaminiwa wanaaminiwa bado. Ni huruma tu. Vimekaa uchi muda mrefu."

Nje jogoo akajikung'uta. Bibi akageuza sikio. "Yule anatetemeka."

"Tangu juzi."

"Na huyo anayevirudishia, haogopi?"

"Anaogopa sana. Anashikwa mkono."

"Utanishika wewe?"

"Mpaka mlango wa chumba cha upasuaji. Ndani hawaniruhusu."

"Hilo la mwisho hukulitunga," akasema. "Haya. Twende."

Tulipanda bodaboda moja, bibi katikati. Hospitalini nesi, mgeni kutoka mkoa mwingine, akamuuliza tatizo lake. "Vitu vinasikia baridi," bibi akajibu. Nesi akanitazama mimi. "Ana homa?"

"Hapana, sista. Ni falsafa."

"Haya, kaeni kwenye foleni na falsafa yenu."

Niseme mapema nisikuweke roho juu: aliona. Neno lake la kwanza lilikuwa kwamba nimekonda, la pili kwamba nywele zangu ni aibu ya ukoo.

Lakini mimi nakumbuka zaidi dakika chache kabla ya hapo. Asubuhi baada ya upasuaji, wagonjwa walikaa kwenye benchi, kila mmoja na bandeji yake, nesi akaanza kuzifungua kutoka upande wa pili. Mzee wa kwanza kufunguliwa alimtazama mwanawe, akapiga kelele, "Wewe! Una mvi!" Benchi zima likacheka. Bibi hakucheka. Mkono wake ulikuwa umenibana goti.

"Zamu yangu bado?"

"Bado, bibi."

Ndipo nikakumbuka kwamba mara ya mwisho bibi kuniona vizuri nilikuwa bado navaa sare ya shule. Na sasa nilikuwa nimelala kwenye mkeka koridoni, vumbi la barabara bado liko kwenye nyusi.

"Nakuja sasa hivi," nikamwambia. Nikatoka hadi kwenye bomba nyuma ya wodi. Hapakuwa na mtu. Nikanawa uso, nikanawa masikio, nikajifuta kwa upindo wa kanga, nikajaribu tabasamu mara moja mbele ya ukuta.