Miche Sitini na Mmoja ya Nzilani

Nyuma ya jiko la Nzilani, kule Kalama, kuna kitalu kisichozidi ukubwa wa kitanda. Mwaka juzi kilikuwa na miche sitini na mmoja ya msandali, kila mmoja katika pakiti ya maziwa iliyooshwa na kutobolewa chini. Mbegu zote zilitoka kwenye mti mmoja kilimani. Msandali una miti dume na miti jike, na huo ulikuwa jike wa mwisho ambao kikundi cha wapanda miti cha kijiji chao kiliujua. Nzilani alichuma mbegu mwezi wa Agosti. Februari iliyofuata, watu wasiojulikana walipanda kilimani na majembe wakaung'oa mti mzima, kwa sababu mafuta yenye harufu nzuri yamo hata kwenye mizizi. Alipofika alikuta shimo na majani yaliyoanza kusinyaa. Tangu siku hiyo, kizazi cha mti ule kilikuwa katika pakiti za maziwa tu.

Nzilani aliishia kidato cha pili, na mambo ya miche alijifunza kwa kuharibu. Kabla ya hapo alikuwa amepanda msandali mara mbili katika udongo safi uliopaliwa vizuri, na mara zote mbili ilikauka ikiwa na urefu wa kidole. Titus, afisa wa misitu anayezunguka maeneo hayo kwa pikipiki, ndiye aliyemweleza kosa lake: mzizi wa msandali hushika mzizi wa jirani na kunywa humo. Ukiachwa peke yake hufa njaa. Basi mwezi wa Septemba, baada ya mti kung'olewa, Nzilani alipanda punje ya mbaazi katika kila pakiti, na miche ikanenepa.

Novemba mvua ikanyesha. Nzilani alikwenda Yatta kwa mazishi ya shangazi yake, akalala huko siku mbili. Kitalu alimwachia mama mkwe wake, Mama Munyao, ambaye nyumba yake iko upande wa pili wa ua. Aliporudi Jumanne alikuta miche imesimama kwa mistari, udongo mweusi, safi, bila jani lingine lolote.

"Umeona?" Mama Munyao aliuliza kwa furaha. "Nimekufanyia kazi yote, na hata asante hujasema."

"Mwaitu, mbaazi ziko wapi?" Nzilani aliuliza, akimwita mama kwa Kikamba.

"Ziko shambani, mahali mbaazi hukaa. Nimezihamisha moja moja, mgongo bado unalia. Mkulima gani anafuga mbaazi kwa pakiti ya maziwa? Watu wa kanisa wakipita watasema bibi ya Munyao amechoka akili."

Nzilani aliketi juu ya jiwe la kufulia. Alieleza polepole, maana huyo alikuwa mama wa mumewe na hakutaka sauti ipande.

"Mti unanyonya mbaazi?" Mama Munyao alisema. "Basi huo ni mwizi."

"Ni mwizi, Mwaitu. Lakini hatuna mwingine."

Mama Munyao alitazama mikono yake, ambayo bado ilikuwa na udongo kwenye kucha.

Titus alipopigiwa simu hakupamba maneno. "Usirudishe zile za shambani, mizizi imeshakatika. Loweka mbegu mpya za mbaazi leo, panda mbili kila pakiti. Weka kivuli. Maji kidogo tu, ukizidisha itaoza."

"Itapona?"

"Nikikuambia itapona nitakuwa nakudanganya."

Mama Munyao alikuwa amesikia. Aliingia nyumbani kwake akatoka na kopo la mbegu zake teule, alizokuwa amezichagua kwa mkono na kuzihifadhi kwa jivu. "Chukua hizi," alisema. "Hizi haziniangushangi."

Mbaazi zilichipua siku ya sita. Misandali yenyewe ilianza kudondosha majani. Kufikia wiki ya tatu kumi na mmoja ilikuwa imekauka, na hamsini iliyobaki ilisimama tu, haikui wala haifi. Kila asubuhi Nzilani alihesabu kabla ya kuwasha moto. Mama Munyao aliacha kupita nyuma ya jiko, akawa anazunguka kwa zizi la mbuzi ili asikione kitalu.

Titus alifika tarehe kumi na tisa Desemba. Alichuchumaa muda mrefu, kisha akasema hakuna njia ya kujua kama mizizi imeshika isipokuwa kufungua pakiti moja. Nzilani ndiye aliyechagua. Hakuchukua mche dhaifu kuliko yote, wala ule bora, ila wa katikati, ili jibu liwe la wote. Mama Munyao aliitwa alete karai la maji, akaja akiwa ameinamisha kichwa.

Titus alipasua pakiti kwa kisu na kuuzamisha udongo majini. Ulipomomonyoka, mizizi miwili ilibaki ikielea, mmoja mnene wa mbaazi na mwingine mwembamba kama uzi. Palipogusana palikuwa na vifundo vyeupe, vidogo kama punje za wimbi. Titus alivigusa kwa ncha ya kijiti. Vilikuwa vinne.

"Umeshika?" Mama Munyao aliuliza.

"Umeshika."

"Kweli, Titus? Usinidanganye na mimi ni mzee."

"Jaribu kuivuta, mama. Utaona haiachani."

"Nivute? Mimi?" Alirudisha mikono nyuma upesi. "Wacha! Mimi sigusi mmea wa mtu tena mpaka nizikwe."

Nzilani alianza kucheka, na kicheko kikamfanya ashike ukuta wa jiko. Mama Munyao naye akacheka mpaka maji ya karai yakamwagikia miguu. Mche waliurudisha haraka katika pakiti mpya, pamoja na mbaazi yake. Titus alitaka kuondoka lakini alizuiwa, akapewa isyo, mahindi na maharagwe yaliyochemshwa pamoja, na Mama Munyao akahakikisha sahani yake imejaa.

Asubuhi iliyofuata Nzilani aliwasha moto kwanza. Alikunywa chai mpaka ikaisha, ndipo akachukua mkebe akaenda kumwagilia kitalu, na hakuhesabu.