Walivyomnyima Kazi Malkia Wetu wa Kikorea

Nyinyi mliokulia Birmingham miaka ile ya elfu mbili mwanzoni, kabla simu hazijameza kila kitu, mtanielewa. Kwetu mtaa wa Kingstanding, Jumamosi ilinukia maandazi ya iliki. Sisi watoto tulibanana zuliani mbele ya televisheni yenye mgongo mkubwa, tukingoja tamthilia ya Kikorea. Diski tuliazimana nyumba kwa nyumba mpaka zikakwaruzika. Picha ikiganda, tuliipangusa diski kwa kanga na kumwomba Mungu. Maandishi ya Kiingereza yalimpita mama mbio, kwa hiyo mkalimani nilikuwa mimi.

"Anasemaje huyo mshenzi?" mama alikuwa akiuliza, nami nikatafsiri huku natafuna.

Nyota wetu tulimwita Malkia, maana jina lake halisi kila mtu alilitamka kivyake. Tulimwona akianza kama kijakazi wa kubeba trei, hata neno hasemi. Baadaye akawa muuguzi, halafu mke wa mfalme, mwisho akaingia kwenye filamu za sinema. Aliyempenda kutupita sote ni mama mdogo Salma, mdogo wake mama. Alikuwa ameachwa na mumewe, akahamia kwetu na sanduku lake. Mbele ya Malkia tu ndipo tulipomsikia akicheka.

Halafu Malkia naye akaachana na mumewe, mwigizaji mwenziwe. Nilisoma habari hizo kwenye kompyuta ya maktaba, nikaja mbio kuwasimulia. Mume aliendelea kupata kazi, tena za shujaa. Malkia wakamtoa kwenye matangazo, na tamthilia aliyokwisha kuianza akapewa mwingine. Kosa lake nini? Kuachika!

Jumamosi iliyofuata sebule ilijaa wageni. Bi Mwanaidi, jirani yetu, akachovya andazi kwenye chai, akasema, "Mwanamke haachiki bure. Ana lake huyo." Akamtupia jicho mama mdogo. "Wa huko na wa hapa."

Mama mdogo akainamisha kichwa. Mama, ambaye sikuwahi kumsikia akimkaripia mgeni, akainuka akazima televisheni.

"Mwanaidi, chukua mtandio wako. Ndugu yangu hasemwi ndani ya nyumba yangu."

"Mie nimemsema Mkorea!"

"Na huyo naye hasemwi."

Bi Mwanaidi akatoka akinung'unika, asirudi tena. Mama mdogo alilia, kisha akacheka mpaka akakohoa. Baada ya hapo alianza kutoka, akasoma Kiingereza, akapata kazi kwenye kiwanda kimoja mtaa wa Tyseley. Malkia yeye alipotea kwenye skrini kwa miaka. Aliporudi, wakampa nafasi ya mama mkwe mkorofi, ilhali yule mume wa zamani, nywele kazipaka rangi, bado anacheza kijana mpenzi! Mpaka leo damu yanichemka.

Siku hizi wanangu kila mmoja na simu yake, kila mmoja na masikio kayaziba. Juzi binti yangu alinionyesha mwigizaji mwingine wa Kikorea, kaachika, watu wanammwagia matusi yasiyotamkika.

"Mama, usijali, ni mtandaoni tu," akaniambia kwa Kiingereza chake.

Ati mtandaoni tu! Enzi zetu msema ovyo alikuwa na sura na jina, kakaa kwenye kochi letu, na mama yangu akaweza kumwonyesha mlango. Hawa wa leo nitawaonyesha mlango upi?